Bibi Dorothea Afufuka Manga

"Wananchi watukufu wa Manga! Wazee wa kanisa, akina mama wenye heshima zenu, vijana, na hata nyinyi mliopanda juu ya paa la duka mkidhani hamwonekani! Kwa idhini ya wenye mamlaka, na kwa gharama isiyotajika mbele ya watoto, leo Jumapili saa nane kamili, katika ukumbi wa shule ya msingi, mtaoneshwa sinema iliyovunja watu mbavu katika miji mikuu ya dunia. Imetokana na vile vitabu vya watoto ambavyo msomi wenu huyu amevisoma vyote, neno kwa neno, nukta kwa nukta. Ni sehemu ya pili ya visa vya familia ya Pikeringi! Njooni mkiwa mmeshiba, kwa maana mwenye njaa hawezi kucheka saa mbili mfu..."

Msomi hakumaliza neno. Gari la sinema liliteleza kwenye udongo mwekundu, likarudi nyuma kama ng'ombe aliyeliona josho, likaingiza tako mtaroni. Alfayo, aliyekuwa amesimama juu ya paa lake na kipaza sauti mkononi, akatua katikati ya chai ya watu, miguu juu. Kile kipaza sauti hakikuzimika. Kilima kizima kilimsikia akisema "Mama wee!" kwa sauti ambayo haifundishwi katika shule yake ya bweni.

"Umeumia?" akauliza Ouko, mwendeshaji wa mtambo, akichungulia kutoka dirishani. Alikuwa mtu wa ziwani, mnene, mpole, aliyezunguka milima yote ya Kisii na Nyamira akionesha sinema za kampuni ya sabuni, na kwa miaka yote hiyo hakujifunza Ekegusii zaidi ya salamu na bei ya ndizi. Ndiyo maana alimhitaji Alfayo.

"Hadhi ndiyo imeumia."

"Hiyo itapona. Malizia tangazo huku ukisukuma."

Alfayo alichomoa karatasi ya tangazo kwenye majani ya chai, akaifuta kwa mkono wa shati. Ilikuwa imebaki mistari miwili ambayo hakuwa ameisoma, maana mtu mwenye kipaji hasomi karatasi mpaka mwisho kabla ya kupanda jukwaani. Akaisoma sasa, kimya. Ilisema: *Na anayerudi tena, kwa furaha ya watoto na wazazi, ni yule yule kipenzi cha wote, Bibi Dorothea.*

Akakizima kipaza sauti.

"Bwana Ouko. Huyu Dorothea anarudi kutoka wapi?"

"Kutoka sehemu ya kwanza. Kwani alikwenda wapi?"

Alfayo alijua vizuri alikokwenda. Bibi Dorothea alikuwa kaburini, mwaka wa pili huu, na aliyempeleka huko ni Alfayo mwenyewe.

Mambo yalikuwa hivi. Desemba ya mwaka 1971, Alfayo akiwa kidato cha kwanza, gari lile lile lilileta sehemu ya kwanza. Hadithi yake ilikuwa ya mtoto mtundu aitwaye Tobi na nyanya yake, Bibi Dorothea, kizee mwenye pengo la jino la mbele, aliyeendesha pikipiki yenye kigari cha pembeni, na ndani ya kigari bata bukini amevaa kofia. Filamu ilizungumza Kiingereza. Ouko akauliza ni nani awezaye kuisimulia kwa Ekegusii, na kabla hajafunga mdomo Alfayo alikuwa tayari ameshika kipaza sauti. Alisimulia vizuri, tusimnyime haki yake. Watu walicheka mpaka benchi mbili zikavunjika.

Kisha Bibi Dorothea akaelekea mtoni kwa kasi, na daraja lilikuwa limechukuliwa na mafuriko, na hapo shuka iliyotundikwa ukutani kuoneshea picha ikawa nyeupe. Reeli ya mwisho ya filamu ilikuwa imesahaulika bohari, Kisumu. Watu mia tatu wakamgeukia Alfayo. "Wewe umevisoma vitabu. Ikawaje?"

Ukweli ni kwamba Alfayo alikuwa amesoma nusu ya kitabu kimoja. Nusu ya pili ilikuwa imechanwa na kiranja wa bweni aliyekuwa akifungia njugu. Jibu la haki lilikuwa "sijui". Ni neno fupi, lakini kijana wa bweni mwenye koti lenye nembo kifuani hawezi kulitamka mbele ya watu mia tatu. Alfayo akamzamisha Bibi Dorothea. Akamzamisha polepole, akampa na maneno ya mwisho, akamleta askofu, akamzika chini ya mti, na bata bukini akafa kwa huzuni siku ya tatu. Akina mama walilia. Wazee walivua kofia. Ouko, asiyeelewa neno, alidhani wanalilia reeli yao, akawaomba radhi.

Yote hayo yangekwisha pale pale, kama si dada yake Alfayo, Esnah.

Esnah alikuwa ameolewa hapo hapo Manga, na Alfayo alikuwa akikaa kwake likizo ile, kumsaidia kuchuma chai, kwa kuwa mumewe Ombui alifanya kazi mbali na Esnah alikuwa mjamzito. Siku mbili baada ya sinema akajifungua mtoto wa kike. Mtoto akalia. Akalia siku tatu, mchana na usiku, hanyonyi vizuri, halali. Mkunga wao alikuwa Nereah, mke wa fundi cherehani wa sokoni, naye alitoka ziwani. Akasema kwao mtoto wa namna hiyo anatafuta jina. Wafu wa ukoo huitwa mmoja mmoja, na jina litakalomnyamazisha ndilo lake.

Wakakaa sebuleni jioni, mtoto mapajani kwa Nereah, Alfayo ameinama karibu ameshika taa. Wakaita wafu wa upande wa Ombui. Wakaita wafu wa upande wa Esnah. Wakaita mpaka mjomba aliyeliwa na chui zamani za reli. Mtoto alilia tu. Mwishowe Alfayo akasema, kwa utundu wake, "Bado hamjamwita Bibi Dorothea."

"Dorothea," Nereah akaita, amechoka.

Mtoto akanyamaza. Akanyamaza kabisa, akachezesha midomo, akalala.

Tangu hapo akaitwa Torotea, kwani hivyo ndivyo ulimi wa Manga ulivyolipokea jina hilo. Aliyechelewa kukubali alikuwa mama mkwe wa Esnah, Nyanchera, mama mrefu mkavu asiyecheka ovyo. Alimwita Esnah mbele ya Alfayo, akasema maneno ambayo Alfayo aliyakumbuka sasa, akisukuma gari kwa bega, kama mtu akumbukavyo hukumu yake.

"Sisi humpa mtoto jina la aliyetangulia, ili jina lipate pa kukaa. Jina la aliye hai lina mwenyewe. Ukilibandika kwa mtoto, wawili hao watagombania pumzi moja, na mtu mzima ana nguvu kuliko mtoto. Hili la mzungu nalikubali kwa kuwa mzungu huyo amezikwa, na ndugu yako ni shahidi. Lakini nikisikia siku moja kwamba yu hai, Esnah, utabeba jina lako na mtoto wako, mrudi kwenu mkamtafute mwenyewe. Sitazika mjukuu kwa ajili ya jina."

Na Nyanchera hakuwa mtu wa kusema neno kisha akalipunguza.

Saa saba na nusu blanketi zilikuwa zimekwisha kutundikwa madirishani ili ukumbi uwe na giza. Kila boma lilitoa lake, na kila boma lilikaa chini ya lake, lisije likaibwa. Ilikuwa Jumapili, siku nzuri kwa wote: Waadventista walikuwa wamemaliza Sabato yao jana, na Wakatoliki walikuwa wametoka misa na bado wamevaa viatu.

Alfayo alimfuata Ouko nyuma ya mtambo.

"Bwana Ouko, hebu tufikiri kama wasomi. Je, haiwezekani kuruka sehemu zenye yule bibi?"

"Kuruka?"

"Wakazi wa hapa ni watu wa dini. Mwanamke kupanda pikipiki kunawachukiza."

"Mara ya kwanza walivunja benchi mbili kwa kucheka. Nililipishwa." Ouko akaendelea kuvisha reeli kwenye mtambo. "Kijana, ukiondoa hiyo bibi, itabaki dakika kumi ya bata."

"Dakika kumi za bata zinatosha kabisa."

"Una homa wewe? Enda ushike mike yako."

Alipogeuka alimkuta Esnah mlangoni, amevaa kitambaa kipya, Torotea mgongoni. Mtoto alikuwa na mwaka mmoja na miezi minane, mashavu kama maandazi, na alikuwa akitafuna kamba ya blanketi la jirani.

"Nimemleta amwone wajina wake," Esnah alisema. "Huwa wanaonesha picha ya marehemu mwanzoni, sivyo? Hata sekunde moja yanitosha. Alfayo, unajua mama mkwe alimwimbia juzi? Mama! Alikuwa akipepeta wimbi, akamwimbia kwa jina lake, 'Torotea wangu, Torotea.' Nikajificha nyuma ya ghala nikalia. Sasa ni kama nimeolewa upya."

"Esnah, nina neno."

"Nitakuja tulizungumze jioni. Mama ameniwekea nafasi karibu naye, mbele kabisa. Na amewaambia wote kwamba msimulizi ni ndugu yangu." Akamgusa shavu. "Usiwazamishe wengine leo. Tumelia vya kutosha."

Akaenda kuketi. Alfayo akabaki na neno lake, zito kama jiwe la kusagia, akaenda nalo mpaka kwenye kipaza sauti. Akili ya bweni ilikuwa ikizunguka kama feni. Kukimbia? Mlango ulikuwa umejaa watu. Kuugua? Angeambiwa augue akiwa ameketi. Kuvunja mtambo? Ouko alikuwa ameukumbatia. Jenereta ikanguruma nje, taa ya mtambo ikawaka, nambari zikahesabu kurudi nyuma juu ya shuka, na Alfayo bado hakuwa na kitu kichwani isipokuwa jasho.

Sehemu ya pili ilianzia pale pale ya kwanza ilipoishia. Mto ulionekana, daraja lililovunjika likaonekana. Tobi, amekua kidogo, amesimama ukingoni na wazazi wake. Maji yakatokota. Kikatoka kichwa cha bata bukini, na kofia yake. Kisha, akivuta pikipiki kwa usukani wake kama mtu avutaye ng'ombe mkaidi kwa pembe, maji yakimchuruzika, akicheka na pengo lake lote, akatoka Bibi Dorothea.

Ukumbi ulipiga yowe moja. Watu wa mabenchi ya mbele walikwenda nyuma bila kugeuka. Mzee mmoja wa kanisa alipita dirishani na blanketi lake. Mbele walibaki wawili tu: Esnah, aliyemwinamia mtoto wake mapajani, na Nyanchera, ambaye hakuwa amekimbia kitu chochote tangu azaliwe.

"Tulieni!" Alfayo alipiga kelele kwenye kipaza sauti. "Tulieni, wananchi! Huyo si yeye! Huyo ni pacha wake!"

Waliokuwa wamefika mlangoni wakasita.

"Pacha?" sauti ikauliza nyuma.

"Pacha. Katika kitabu cha pili, ukurasa wa kwanza kabisa. Alikuwa... alikuwa ng'ambo. Amesikia msiba, amekuja kutafuta mali ya marehemu mtoni. Ameipata pikipiki."

"Na bata? Si ulisema alikufa?"

"Bata pia alikuwa na pacha."

Watu wakarudi kuketi, nusu nusu. Alfayo aliona kichwa cha Esnah kikiinuka, na mabega yake yakishuka kwa nafuu. Ya Nyanchera hayakushuka.

Kuanzia hapo Alfayo alifanya kazi ambayo hakuna mtafsiri aliyewahi kutwikwa. Juu ya shuka ilikuwa ikichezwa filamu ya kuchekesha. Katika kipaza sauti yalikuwa yakiendeshwa matanga. Tobi alipomrukia nyanya yake shingoni akicheka, Alfayo alieleza kwamba analia. "Wazungu wakizidiwa na uchungu huonesha meno," alisema. Baba yake Tobi alipoteleza kwenye ganda la ndizi, alikuwa amezimia kwa majonzi. Jamaa yote ilipoketi mezani kusherehekea, na Bibi Dorothea akampiga baba mtu usoni kwa keki nzima ya krimu, na baba akamrudishia, na keki zikaruka huku na huko mpaka bata akawa mweupe zaidi ya alivyoumbwa, Alfayo alishusha sauti kama kasisi.

"Hii ni desturi yao nzito. Waliofiwa hupakana maziwa usoni. Tuwape heshima."

Watu mia tatu wakawapa heshima. Baadhi ya akina mama walianza kuguna lile guno la msibani. Nyuma ya mtambo, Ouko alikuwa akiupigapiga ubavuni, akijiuliza kama sauti inatoka vizuri. Miaka kumi na miwili ya kazi, na hajawahi kuona mapambano ya keki yakitazamwa na watu waliovua kofia.

Alfayo alianza kupumua. Zilibaki kama dakika ishirini. Kama kizee yule angekaa kimya, kama angekaa tu mezani na kula...

Bibi Dorothea akasimama juu ya kiti. Tobi akapiga makofi, na familia nzima ya Pikeringi ikaimba pamoja, kwa sauti ambayo haikuhitaji mtafsiri wala shule: *Dorothea! Dorothea! Dorothea!*

"Torotea," akaitikia mtoto mapajani kwa Esnah, kwa furaha, kwa kuwa alisikia anaitwa.

Ukumbi ukasikia. Guno la msibani likakatika.

"Mbona wanamwita hivyo?" mtu akauliza gizani.

"Wanamwita marehemu," Alfayo alisema haraka. "Wanamkumbuka."

"Lakini wanamtazama huyu."

"Pacha... pacha kwao hupewa jina moja. Ni njia yao ya kutochanganyikiwa."

Hata yeye aliisikia hiyo ikianguka sakafuni. Kijana mmoja nyuma akacheka. Na hapo Nyanchera akasimama.

Alisimama katikati ya mwanga wa mtambo, na kivuli chake kirefu kikafunika meza ya familia ya Pikeringi, keki, bata na wote. Akainua mkono bila haraka, kivuli cha kidole kikaenda juu ya shuka mpaka kwenye mdomo wa Bibi Dorothea.

"Pacha huzaliwa na sura moja," alisema. "Sijapata kuona waliong'oka jino moja, upande mmoja."

Alfayo alifungua mdomo.

Nyanchera hakumngoja. Aligeukia nyuma, kwenye mwanga, akakikusanya Kiswahili chake cha sokoni. "Wewe, mtu ya sinema! Simamisha hiyo."

Ouko akausimamisha mtambo. Mtu akavuta blanketi moja dirishani, mchana ukaingia, kila mtu akaonekana alivyo.

"Hiyo mama," Nyanchera alisema, akionesha shuka tupu. "Nataka kujua. Iko hai ama imekufa?"

Ouko alimtazama, akawatazama watu, kofia zao magotini. "Imekufa? Nani amekufa? Mama, hii ni sinema ya kucheka! Hakuna mtu anakufa. Huyo bibi ako hai sehemu ya kwanza, ako hai sehemu ya pili, na nimesikia wanatengeneza ya tatu." Akapanua mikono. "Nyinyi mlikuwa mnaona nini?"

Waliojua Kiswahili, vijana na watu wa sokoni, walivuta pumzi kwa pamoja. Waliobaki, wazee na akina mama wa mashambani, ambao ndio waliokuwa wengi, walifanya walichozoea kufanya wasipoelewa. Wakamgeukia Alfayo.

"Anasemaje?" Nyanchera akauliza. Maneno ya Ouko yalikuwa yamekimbia mno kwa Kiswahili chake. "Wewe ndiye mdomo wake. Tuambie alivyosema, vile vile."

Kipaza sauti kilikuwa mkononi. Njia ilikuwa wazi mbele ya Alfayo, pana na laini, kama zile zote alizowahi kupita. *Anasema marehemu alale pema.* Sentensi moja tu. Wanaojua wangenong'ona, lakini nani angemsikiza kijana wa sokoni mbele ya msomi? Aliitengeneza yote kichwani, hata na kikohozi kidogo cha huzuni katikati.

Kisha akamwona Esnah. Esnah alikuwa amesoma mpaka darasa la sita. Kiswahili cha Ouko kilikuwa kimemwingia chote. Hakuwa akilia wala hakumkunjia uso. Alikuwa amemkumbatia Torotea kwa mikono miwili, kama mtu aliyekwisha kuanza safari, naye alimtazama ndugu yake kwa namna moja tu: alikuwa akingoja kuona kama atasema uongo hata sasa.

"Anasema," Alfayo akaanza. Sauti ikatoka kama ya kifaranga, ikapigwa na spika kubwa ya juu ya gari, iliyounganishwa na kipaza sauti, mpaka ng'ambo ya bonde. "Anasema Bibi Dorothea yu hai. Hajawahi kufa. Hakuzama. Hana pacha. Wala bata hana. Nilimuua mimi."

Wazee wakaanza kuvaa kofia zao.

"Reeli haikuwepo, nanyi mkaniuliza, na sikujua. Sikuvisoma vile vitabu. Nilisoma nusu ya kimoja. Nikaona haya kusema sijui, nikamzamisha. Yale matanga ya leo ni sherehe ya siku yake ya kuzaliwa."

"Omoisia!" mzee mmoja akatema neno, lile waitwalo wavulana ambao hawajatahiriwa, na kwa kijana wa umri wa Alfayo halina tusi linalolizidi. Wengine wakalidaka. Nyanchera akainua kiganja, wakanyamaza.

Hakumtazama Alfayo. Alimgeukia mkwewe, na sauti yake ilikuwa ya chini, jambo lililotisha zaidi. "Esnah. Nilisema siku ile nitakachofanya."

"Ulisema, mama."

"Mtoto amekaa chini ya jina la mtu anayepumua, mwaka na miezi minane."

"Ndiyo, mama." Esnah akaanza kufunga mtoto mgongoni. Fundo la kanga lilimkatalia mara mbili.

Katika fundo lile la pili Alfayo akaelewa kwamba hakuwa amemaliza. Alikuwa ameungama kile alichokamatwa nacho. Kulikuwa na kingine ambacho hakuna mtu hata mmoja aliyekuwa akikijua, ambacho angeweza kuzeeka nacho, nacho kilikuwa kibaya zaidi.

"Mama, subiri," alisema. "Mtoto hakulichagua jina lile."

Nyanchera akageuka. Kutoka benchi la tatu, Nereah mkunga naye akainua kichwa.

"Nilikuwa nimeshika taa. Mkono mwingine ulikuwa bure. Mama Nereah alipomwita Dorothea, nilimtia mtoto kidole mdomoni, na kidole kilikuwa na sukari nguru. Ndiyo maana alinyamaza. Nilidhani mtagundua tucheke wote. Lakini hamkucheka, mkamshukuru Mungu, na Esnah akalia kwa furaha, na kila siku iliyofuata ilikuwa imechelewa kuliko jana yake." Akameza mate, na bonde zima likasikia. "Hakuna mfu aliyekuja wala aliye hai aliyeitwa. Alinyamazia utamu tu. Kosa ni langu lote, mama. Usimrudishe dada yangu nyumbani."

Nereah alishika kiuno. "Haya! Na mimi nikitembea Manga yote watu wananiita mjuzi!"

Nyanchera alimtazama mtoto mgongoni kwa Esnah, ambaye alikuwa amerudia ile kamba ya blanketi. Kisha alisema, polepole, kama mtu apimaye wimbi kwa kibaba, "Kama hakuitwa mtu, basi hakuna wa kugombania naye pumzi. Ni mlio tu uliosemwa wakati mtoto analamba sukari." Akatikisa kichwa. "Fungua hilo fundo, Esnah. Keti. Jina tutalitafuta nyumbani, mimi na wewe, kwa akili zetu, na huyu akiwa nje ya mlango."

Esnah aliketi kwa ghafla, kama mtu aliyekatwa kamba. Ouko, ambaye hakuwa ameelewa lolote, akauliza kwa sauti ya unyonge kama aendelee na sinema. Hapana aliyemjibu, kwa sababu Nyanchera alikuwa sasa amekuja mpaka kwenye kipaza sauti, amemsimamia Alfayo, naye alikuwa amekunja jicho moja kama mtu anayetafuta kitu alichokipoteza zamani.

"Sukari nguru," alisema. "Desemba ile duka zima la sokoni halikuwa nayo. Ulitoa wapi?"

Alfayo aliangalia viatu vyake.

"Msimulizi. Nakuuliza."

"Chunguni, mama. Kile chungu chako cha darini."

"Ile niliyomwekea Esnah ya uji wa uzazi? Niliyosema imeliwa na panya, nikaazima paka wa jirani?"

"Ndiyo, mama."

"Ulichukua kiasi gani?"

Alfayo alijaribu kuweka mkono juu ya kipaza sauti, lakini kilikuwa kikubwa na mkono ulikuwa mdogo.

"Yote, mama," alisema, na ng'ambo ya bonde ikamjibu: *yote, mama*.